Mpiga Filamu Asiyeondoka Jioni

Mwezi Mei 2015 meli ya MV Liemba, iliyoundwa Ujerumani mwaka 1913, ilipewa kazi ya kuokoa watu. Maelfu ya Warundi waliokimbia machafuko ya kisiasa nchini kwao walikuwa wamekwama Kagunga, kijiji kilichobanwa kati ya mlima na Ziwa Tanganyika, na kipindupindu kilikuwa kimeshaanza kuua. Liemba iliwachukua kwa mafungu hadi Kigoma mjini. Kutoka hapo mabasi yaliwapandisha milimani, hadi kambi ya Nyarugusu wilayani Kasulu. Kamera za televisheni za nje zilikuwepo, zikapata zilichokifuata: foleni ya maji, mtoto mgongoni, hema jeupe kwenye udongo mwekundu. Kisha wenye kamera wakapanda magari na kushuka mjini kuwahi ndege.

Nyanda za juu za Kigoma zimezoea wageni wa aina hiyo. Mwaka 1972 Warundi walivuka mpaka kwa maelfu. Walivuka tena baada ya Rais Melchior Ndadaye kuuawa Oktoba 21, 1993, wakajaza kambi za Kibondo na Kasulu. Mwaka 1996 walikuja Wakongo, na Nyarugusu ikaanzishwa kwa ajili yao. Kufikia mwaka 2000 Tanzania ilikuwa inahifadhi wakimbizi zaidi ya laki sita, wengi wao katika ukanda huu wa magharibi. Kila wimbi lilileta waandishi, na kila kundi la waandishi liliondoka na picha zinazofanana na za kundi lililotangulia.

Ajabu ni kwamba katika mkoa huohuo, kilomita 16 tu kaskazini mwa Kigoma mjini, katika msitu wa Gombe, kamera moja iliwahi kukaa. Ilikaa mpaka ikabadilisha namna dunia inavyomtazama mnyama, ikamfanya mwenye kuishika kuwa mmoja wa wapiga filamu mashuhuri waliowahi kufanya kazi Tanzania. Kijana wa Kibondo au Kasulu anayetaka kuishi kwa kutengeneza filamu za makala ana mengi ya kujifunza kutoka kwa mtu huyo, yakiwemo yale ambayo hapaswi kuyarudia.

Kijana wa Gombe

Hugo van Lawick alizaliwa mwaka 1937 Surabaya, katika Indonesia iliyokuwa bado chini ya Waholanzi. Shule yake ya filamu ilikuwa kazi yenyewe. Alikuja Afrika Mashariki kufanya kazi kwa Armand na Michaela Denis, mume na mke waliokuwa wakitengeneza vipindi vya wanyama vya televisheni, akajifunza akiwa msaidizi: kubeba, kupanga, kusafisha lenzi, na kungoja. Louis Leakey, mtafiti wa Kenya aliyekuwa amempeleka Jane Goodall Gombe mwaka 1960 kuwachunguza sokwe, alimwona akiwa kazini na kumpendekeza kwa National Geographic.

Alihitajika kwa sababu ya tatizo la ushahidi. Goodall alikuwa amewaona sokwe wakichokonoa vichuguu kwa vijiti ili wale mchwa, jambo lililodhaniwa kuwa la binadamu peke yake. Maneno yake yaliandikwa kwenye daftari, lakini daftari halikutosha kuwashawishi wataalamu wa Ulaya na Marekani waliomwona kuwa msichana asiye na shahada. Mwaka 1961 dada yake, Judy, alikuja Gombe na kamera, akarudi na picha chache. Agosti 1962 alifika van Lawick. Alikuwa na umri wa miaka 25.

Kazi aliyoikuta ilikuwa ngumu hata kwa mzoefu. Filamu ya milimita 16 iliuzwa kwa mikanda, na mkanda wa futi 400 ulimpa mtu dakika 11 tu za picha. Kila alipobonyeza kitufe, pesa ilikuwa inakwenda. Mikanda ilisafirishwa nje ya nchi kusafishwa, kwa hiyo kama mwanga ulikosewa au lenzi ilikuwa na uchafu, mpigaji alilijua kosa baada ya wiki kadhaa, wakati tukio limepita na mnyama amehama. Juu ya hayo, sokwe walimkimbia. Kamera na stendi zilipaswa kubebwa kwenye miteremko yenye miiba na nyasi ndefu, kisha zikae kimya hadi wenye msitu wazizoee.

Wakamzoea. Matokeo yake yalionekana Desemba 1965, televisheni ya CBS ya Marekani ilipoonyesha filamu kuhusu Goodall na sokwe wa Gombe, Orson Welles akiwa msimulizi. Mamilioni ya watu ambao hawakuwahi kusikia jina la Kigoma walimwona sokwe akitengeneza kifaa kwa mikono yake. Wakati huo van Lawick na Goodall walikuwa wameshafunga ndoa, mwaka 1964. Walitengana miaka kumi baadaye.

Hatua iliyofuata ndiyo inayomtofautisha na wapiga picha wengi waliopata bahati mara moja. Van Lawick hakurudi Ulaya kuvuna sifa. Alihamia Serengeti, akajenga kambi ya mahema Ndutu, akaishi huko kwa zaidi ya miaka 30. Akiwa Ndutu alipiga filamu za fisi, mbwa mwitu, simba na chui, akafundisha vijana kadhaa waliokuja kumsaidia, akapata tuzo nane za Emmy. Filamu yake ya mwaka 1996 kuhusu chui mdogo anayekua, *The Leopard Son*, ilionyeshwa kwenye majumba ya sinema. Aliacha kazi mwaka 1998 kwa sababu ya maradhi ya mapafu, akafariki Dar es Salaam Juni 2, 2002, akazikwa Ndutu.

Gharama ya ndizi

Maisha hayo yanaweza kusimuliwa kama hadithi ya uvumilivu na kuishia hapo. Lakini Gombe ina upande wa pili ambao kila anayejifundisha filamu za makala anapaswa kuujua mapema.

Sokwe wa kwanza kuzoea watu, aliyeitwa David Greybeard, aliingia kambini akachukua ndizi. Ndizi zikaanza kuwekwa kwa makusudi. Kwa mpiga filamu zilikuwa neema, kwa sababu badala ya kumtafuta mnyama mlimani kutwa nzima, mnyama alikuja mwenyewe mbele ya lenzi, mchana, mahali penye mwanga. Baada ya muda, sokwe wengi walikusanyika mahali pamoja kuliko ambavyo wangekusanyika msituni. Ugomvi ukaongezeka, na nyani nao wakaja kugombea. Goodall mwenyewe alikiri baadaye kwamba ulishaji ule ulichochea ukali, na taratibu zikabadilishwa ili ndizi zipunguzwe. Wanasayansi wengine waliendelea kuuliza kwa miaka mingi ni kiasi gani cha tabia iliyoonekana Gombe kilikuwa cha sokwe, na kiasi gani kilikuwa cha ndizi.

Kambini Nyarugusu au Nduta, ndizi hiyo ina sura nyingine. Ni sabuni anayopewa mama ili asimulie tena namna mumewe alivyouawa, au ahadi kwamba filamu ikionekana Ulaya msaada utaongezeka. Wakati mwingine ni gari tu lenye nembo kubwa mlangoni: mtu akiliona anajua majibu yanayotarajiwa, naye anayatoa. Mpiga filamu anayekuja kwa saa nne hana njia ya kutenganisha neno la moyoni na neno la kuombea. Anayekaa miezi anaweza, kwa sababu anamwona mtu yuleyule akiuza vitumbua, akigombana na jirani, akicheka msibani.

Waliokaa Gombe kuliko wote, hata hivyo, hawakuwa wageni. Usiku wa Mei 19, 1975 wapiganaji kutoka ng'ambo ya ziwa, wa kundi la Laurent Kabila, waliwateka wanafunzi wanne wa kigeni waliokuwa Gombe. Wageni wakaondolewa. Utafiti haukufa, kwa sababu wenyeji wa vijiji vya jirani, akina Hilali Matama, Eslom Mpongo, Hamisi Mkono na Yahaya Alamasi, waliendelea kuwafuata sokwe kila siku na kuandika walichokiona. Dunia iliyoijua Gombe kupitia filamu ilikuwa imewaona wanaume hawa kwa nadra sana. Lakini wageni walipoondoka, kumbukumbu za Gombe zilikuwa mikononi mwao.

Wasiosubiri kualikwa

Historia ya Afrika Mashariki ina watu kadhaa waliojifundisha kamera bila kusubiri chuo, na kila mmoja aliipata njia kwa namna yake.

Mohamed Amin alizaliwa Nairobi mwaka 1943, akakulia Dar es Salaam, na akiwa bado mwanafunzi alinunua kamera ndogo ya mtumba. Mwaka 1963 alifungua kampuni yake, Camerapix. Mwaka uliofuata alikuwa Zanzibar akipiga picha za Mapinduzi, akiwa na umri wa miaka 20. Yeye alikuwa mtu wa habari, mwenye kwenda mbio, na haifai kuidharau kazi hiyo: picha zake za njaa ya Ethiopia za Oktoba 1984, zilizorushwa na BBC, ndizo zilizoamsha wimbi la misaada lililozaa tamasha la Live Aid mwaka 1985. Mwaka 1991 alipoteza mkono katika mlipuko wa ghala la silaha Addis Ababa, akarudi kazini na mkono wa bandia. Alifariki Novemba 1996, ndege ya Ethiopia iliyotekwa ilipoanguka baharini karibu na Komoro.

Jambo la Amin linalosahaulika ni la ofisini. Kwa kuwa alifanya kazi chini ya kampuni yake, hazina kubwa ya picha zake ilibaki Nairobi, na familia yake imeendelea kuitunza. Kwa van Lawick ilikuwa tofauti. Zaidi ya saa 100 za mikanda aliyopiga Gombe zilikaa ghalani kwa National Geographic nchini Marekani hadi zilipogunduliwa upya mwaka 2014. Mwongozaji Brett Morgen alizitumia kutengeneza filamu *Jane*, iliyotoka mwaka 2017, miaka 15 baada ya kifo cha aliyezipiga. Mikanda ya Kigoma ilipata maisha mapya kwa sababu kuna mtu Marekani aliyeitafuta. Kigoma yenyewe haikuwa na nakala ya kuitafuta.

Ng'ambo ya ziwa yuko Dieudo Hamadi, aliyezaliwa Kisangani mwaka 1984. Aliacha masomo ya tiba, akahudhuria warsha fupi za filamu, akaanza kupiga mwenyewe, mara nyingi bila kundi la wasaidizi. Filamu yake ya mwaka 2017, *Maman Colonelle*, inamfuata Kanali Honorine Munyole, askari polisi anayehamishwa kutoka Bukavu kwenda Kisangani kulinda wanawake na watoto. Humo anakutana na majeruhi wa vita vya siku sita vya Juni 2000, wakati majeshi ya Rwanda na Uganda yalipopigana ndani ya mji huo. Hamadi hakuwaacha watu hao filamu ilipokwisha. Mwaka 2020 alitoa nyingine, akiwafuata walemavu wa vita hivyo wakisafiri kwa boti kwenye Mto Kongo hadi Kinshasa kudai fidia. Iliteuliwa na tamasha la Cannes. Vita vilidumu siku sita. Filamu ilihitaji mtu wa Kisangani aliyekuwa bado anavifikiria miaka 20 baadaye.

Mfano wa karibu zaidi na maisha ya Buha, nchi ya Waha, ni wa mkulima. Kisilu Musya, wa Kitui nchini Kenya, alikabidhiwa kamera na mwongozaji kutoka Norway, Julia Dahr, akaanza kujipiga mwenyewe, mkewe, watoto na shamba. Alirekodi ukame, kisha dhoruba iliyoondoa paa la nyumba yake, kisha mikutano ya wakulima aliyoiitisha kijijini. Mwaka 2015 alifika Paris kwenye mkutano wa kimataifa wa tabianchi. Filamu iliyotokana na miaka hiyo, *Thank You for the Rain*, ilitoka mwaka 2017. Picha zake zenye nguvu ni zile ambazo mgeni asingezipata, kwa sababu mgeni hawi ndani ya nyumba saa ambayo mume na mke wanajadili kama mbegu zilizobaki ziliwe au zipandwe.

Mtaji wa Kasulu na Kibondo

Mtu aliyezaliwa Kasulu anaanza na kitu ambacho mashirika ya habari hulipa wakalimani ili wakipate. Kiha na Kirundi vimekaribiana kiasi kwamba Muha na Mrundi huelewana wakizungumza kila mmoja kwa lugha yake. Anaweza kukaa na bibi wa Kirundi aliyekimbilia Nduta na kusikia siyo habari tu bali methali, utani, na pale sauti inapokwepa jambo. Radio Kwizera, iliyoanzishwa Ngara mwaka 1995 na shirika la Wajesuti la kuhudumia wakimbizi, ilijengwa juu ya ukweli huohuo, ikasikika kambini na vijijini kwa pamoja. Redio iliufahamu ukanda huu kabla ya filamu.

Sinema nayo haikuwa ngeni. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 FilmAid, shirika lililozaliwa mwaka 1999 wakati wa mgogoro wa Kosovo kwa juhudi za mtayarishaji Caroline Baron, lilikuwa likionyesha filamu usiku katika kambi za magharibi mwa Tanzania. Vijijini kulikuwa na vibanda umiza, yaani vibanda vya kuonyeshea video, ambamo vijana wa rika zima walijifunza bila mwalimu namna hadithi inavyokatwa na kuunganishwa.

Vifaa siyo kizuizi kikubwa kama zamani. Bill Wallauer, Mmarekani aliyekuja Tanzania kwanza kama mjitolea wa Peace Corps, alianza kuwafuata sokwe wa Gombe kwa kamera ya video mwaka 1992. Aliendelea kwa takriban miaka 15, akipiga kwa saa nyingi ambazo kwa mikanda ya van Lawick zingegharimu mali isiyohesabika. Leo simu ya kawaida inapiga picha safi kuliko kanda za wakati huo. Pesa za kwanza mara nyingi zinatoka mahali palepale zilipotoka kwa watengenezaji wengi wa filamu za Bongo, yaani harusi, send-off, kipaimara na kampeni. Anayepiga harusi kwa uangalifu anajifunza mengi: sauti ikikosewa hakuna kurudia, mwanga wa saa saba mchana unaua nyuso, na betri ya akiba ina thamani kuliko lenzi ya pili. Kwa pesa hizo, maikrofoni nzuri inunuliwe kabla ya kamera mpya. Mtazamaji huvumilia picha yenye giza, lakini akikosa kusikia anaondoka.

Sheria nayo ina sehemu yake. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza, Namba 4 ya 1976, inataka kibali cha kutengeneza filamu, na Bodi ya Filamu ndiyo mlango wake. Kuingia kambini kunahitaji ruhusa chini ya Sheria ya Wakimbizi ya 1998, hata kwa mtu aliyezaliwa kijiji cha jirani. Haki ya kazi yenyewe inalindwa na Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999, inayosimamiwa na COSOTA. Juu ya vibali vyote kuna ridhaa ya anayepigwa picha. Mkimbizi anaweza kukubali leo, kumbe ana kaka Ruyigi au Makamba, Burundi, atakayeulizwa kwa sababu ya uso ule. Mpiga filamu anayeishi hapo anaweza kurudi baada ya mwezi na kumuuliza tena, na kufuta kama jibu limebadilika.

Fedha za filamu ndefu hupatikana kwa shida, lakini milango ipo. Docubox ya Nairobi, iliyoanzishwa na Judy Kibinge, mwanamke aliyeacha kazi ya matangazo ya biashara na kujitosa katika filamu, hufadhili na kulea dokumentari za Afrika Mashariki. Filamu ya *Softie* ya Sam Soko, iliyopita humo, ilipata tuzo ya uhariri Sundance mwaka 2020. Tamasha la ZIFF la Zanzibar limekuwa likipokea filamu za kanda hii tangu miaka ya 1990. Mahali pote hapo, anayeomba huulizwa swali lilelile: una nini ambacho mwingine hana? Kasulu na Kibondo zina jibu.

Wapo warina asali wa misitu ya miombo ya Kibondo, ambao msimu wao unahitaji kamera ya mwaka mzima. Kuna Mtabila, Kasulu, iliyokuwa kambi ya wakimbizi hadi ilipofungwa mwishoni mwa 2012, na sasa ni kambi ya Jeshi la Kujenga Taifa (JKT) ambako vijana wa Kitanzania wanakimbia mchakamchaka. Kuna Mtendeli, Kakonko, iliyofunguliwa upya mwaka 2016 na kufungwa tena mwaka 2021, na wakulima wa pembeni waliofanya biashara na watu ambao hawapo tena. Wapo pia wazee wa Buha waliohamishwa wakati wa Operesheni Vijiji, ambao pia walijikuta wakipokea majirani waliohamishwa na risasi.

Filamu hizo haziwezi kutengenezwa na mtu mwenye tiketi ya kurudi Ijumaa. Na baadhi yake hazitasubiri. Aliyekuwa na umri wa miaka 20 alipovuka mpaka mwaka 1972 sasa amepita 70, na maelfu ya wenzake walikaa katika vijiji vya Kigoma bila kwenda kwenye makazi ya Ulyankulu, Katumba na Mishamo. Vijana wa Kasulu na Kibondo wenye simu mkononi waanze na wazee hao mwaka huu, wawaulize kwa lugha ya nyumbani, na waweke nakala mbili: moja yao wenyewe, moja ibaki kwa familia ya mzee.